Mbwana, soda mgawane

Dodoma, Jumapili jioni

Kaka Mbwana,

Salamu kutoka kwenye vumbi. Ujumbe wako wa sauti nimeusikiliza mara tatu, na mara ya kwanza niliishia kucheka tu kwa zile kelele za wenzako nyuma. Kumbe hata foleni ya mpakani Tunduma haiwamalizi madereva ubishi. Nimeona nisikujibu kwa sauti. Huko foleni utakaa siku mbili tatu umelaza kiti, basi bora nikupe kitu cha kusoma.

Kwanza hukumu ya dau lenu. Mwenzako kasema yale magari ya angani, yanayotumwa Mwezini na Mirihi, kuna mtu kakaa ofisini anayaendesha kwa mkono, kama watoto na magari yao ya rimoti. Wewe ukasema hapana, yanajiendesha yenyewe. Soda mgawane. Kwa Mwezini, mwenzako yuko sahihi. Kwa Mirihi, wewe umekaribia, ila hujafika.

Gari la kwanza kutembea Mwezini bila mtu ndani lilikuwa la Wasovieti, linaitwa Lunokhod 1. Lilitua tarehe 17 Novemba 1970. Magurudumu 8, kilo 756, na umbo lake ni kama sufuria kubwa yenye mfuniko. Mchana mfuniko unafunguliwa, na upande wake wa ndani umejaa sola, gari linachaji. Usiku ukiingia, na usiku wa kule ni wiki mbili nzima za huku kwetu, unafungwa kama mtu anavyofunika wali usipoe, na ndani kuna kifaa cha madini ya poloni kinachotoa joto mpaka kuche.

Madereva walikaa Crimea, huko huko kwa Wasovieti. Kila zamu watu watano: kamanda, dereva, wa kuangalia ramani, fundi, na mmoja wa kuielekeza antena. Dereva alishika kifimbo cha kuongozea mkononi kweli kweli. Lakini video hakuwa nayo. Anaona picha moja, imetulia, zinapita sekunde kadhaa ndipo inakuja nyingine. Halafu mawimbi ya redio yanachukua sekunde moja na kidogo kwenda na kama hiyo kurudi. Kwa hiyo shimo unaloliona umeshalisogelea, na breki unayokanyaga sasa bado iko njiani. Wewe fikiria unashuka mteremko wa Kitonga usiku, taa zinawaka na kuzimika, na breki inashika baada ya kuhesabu mbili. Ndiyo maana walikwenda mwendo wa kilomita moja au mbili kwa saa, na bado walitoka jasho.

La pili, Lunokhod 2, lilitua Januari 1973 na likatembea kama kilomita 39 kwa miezi minne hivi. Kilichoniuma ni kifo chake. Mwezi wa tano liliingia kwenye shimo, na katika kutafuta njia ya kutoka, ule mfuniko uliokuwa wazi ukagusa ukingo na kuchota udongo. Walipoufunga, udongo ukamwagikia kwenye rejeta. Baada ya hapo joto halikuwa na pa kutokea. Gari likachemsha, kaka! Na kule hakuna utingo wa kutumwa mtoni na dumu.

Unakumbuka ulivyopigwa faini ya rifleksa mwaka ule, pale unapopajua? Basi Lunokhod 1 lilikuwa na rifleksa yake, vioo vilivyotengenezwa Ufaransa. Gari lilipokufa mwaka 1971 halikujulikana hasa limeegeshwa wapi, karibu miaka 40. Mwaka 2010 chombo cha Wamarekani kinachozunguka Mwezi kikapiga picha, likaonekana, na wataalamu wakalimulika kwa leza kutoka huku duniani, jimbo la New Mexico, Marekani. Mwanga ukarudi, tena mkali kuliko walivyotarajia. Karibu miaka 40 bila kufutwa vumbi. Ningekuwa mimi yule askari ningekufutia faini kwa hadithi hiyo.

Sasa Mirihi. Huko kifimbo hakifai kitu, kwa sababu ya umbali. Mirihi ikiwa karibu nasi, mawimbi yanachukua kama dakika 3 kufika. Ikiwa mbali, dakika 22. Na hiyo ni kwenda tu. Ukitaka kuendesha moja kwa moja, utaona jiwe, utakata kona, na dakika arobaini baadaye utaletewa picha ya gari lililopanda juu ya jiwe. Wanachofanya ni hiki: madereva wa Wamarekani, walioko Pasadena, California, wanaangalia picha za jana, wanapanga safari ya siku nzima, hatua kwa hatua, wanaijaribu kwenye kompyuta, kisha wanatuma maagizo yote kwa mkupuo. Kule kunapokucha gari linasoma karatasi yake na kuondoka. Jioni linatuma picha na taarifa kupitia vyombo vinavyoizunguka sayari. Magari ya sasa yana macho mawili ya kamera na akili ya kukwepa jiwe lenyewe, ndiyo maana nikasema umekaribia. Ila pa kwenda kapanga mtu. Mmoja wa watu hao ni Vandi Verma, mwanamke mzaliwa wa India, ameendesha manne: Spirit, Opportunity, Curiosity na Perseverance. Kwenye sivii hiyo hakuna bosi wa malori atakayeuliza barua ya mdhamini.

Mwendo utakuchekesha. Perseverance, lililotua Februari 2021, likikazana sana halifiki mita 160 kwa saa. Siku ya Mirihi nayo inazidi yetu kwa karibu dakika 40, na gari linapotua, watu wake wanaishi kwa saa za kule kwa miezi ya mwanzo. Leo umeripoti kazini saa mbili asubuhi, kesho saa mbili na dakika arobaini, baada ya wiki tatu na nusu unaripoti usiku wa manane. Nyie mnaolala Igawa mchana na kuendesha usiku hamtashangaa.

Nilivyosoma habari za Opportunity kukwama, nilikukumbuka wewe na mchanga wa Itigi. Unakumbuka? Ulikuwa umenishusha nikate matawi, ukapunguza upepo kwenye matairi ya nyuma, nikawa nasukuma tawi chini ya tairi huku mchanga wa moto unaniingia kwenye kandambili, na wewe unapiga kelele "usilaze, simamisha!" Saa nne tulikaa pale. Opportunity lilizama kwenye kituta cha mchanga mwezi wa nne mwaka 2005, na lilikaa wiki tano. Wale jamaa hawakukurupuka kukanyaga mafuta. Walichanganya mchanga na udongo laini kwenye karakana yao, wakalizamisha gari pacha humo, wakajaribu mpaka wakajua la kufanya. Kisha wakaliagiza lile la kule, kidogo kidogo. Magurudumu yalizunguka mizunguko ya kutosha kwenda karibu mita 200, gari likasogea kama mita moja hivi. Likatoka. Hicho kituta wakakiita Purgatory, yaani Toharani, kule roho zinakosubiri kutakaswa.

Lakini ninalolipenda mimi ni pacha wake, Spirit, lile lenye bahati mbaya. Yote mawili yalitua Januari 2004, yakiwa yamepangiwa kazi ya siku 90. Mwaka 2006 gurudumu la mbele kulia la Spirit likagoma kabisa kuzunguka. Wakaanza kuliendesha kinyumenyume, linaburuta lile gurudumu bovu kama jembe la kukokotwa na ng'ombe. Mwaka uliofuata, kwenye mfereji lililouchimba kwa kuburuta, udongo mweupe ukajitokeza. Walipoupima wakakuta ni karibu silika tupu, madini yanayotengenezewa kioo, zaidi ya asilimia 90. Udongo wa namna hiyo hutokea palipokuwa na maji ya moto, kama yale ya Songwe unayoyapita kila mara bila kusimama, au mvuke unaofuka ardhini. Gurudumu lingekuwa zima, lingepita juu yake na kuendelea na safari.

Nalo likaishia mchangani, 2009. Ukoko wa juu ulivunjika, likazama, na safari hii hawakuweza. Hapa kuna jambo la ufundi wangu. Sola za magari yale zimelala bapa, hazina pa kuzigeuza. Kwa hiyo kila kipupwe kilipokuja, madereva walikuwa wanaliegesha Spirit kwenye mteremko unaotazama kaskazini, mwili mzima uinamie jua, vile vile ninavyozielekeza paneli mimi hapa Dodoma, maana na lenyewe lilikuwa kusini mwa ikweta ya kule. Likiwa limekwama tambarare halikuweza kujiinamisha. Tarehe 22 Machi 2010 lilisikika mara ya mwisho.

Nakuandikia haya mikono yangu bado ina michubuko, kwa sababu jana nilikuwa zahanati moja huko njia ya Bahi. Walinipigia simu wakisema betri zimekufa, friji ya chanjo inalia. Nikapanda juu. Paneli zilikuwa na rangi ya barabara. Nikapitisha kidole, kikaacha mstari mweusi unaong'aa, na vumbi lililobaki kidoleni ni laini kama poda ya mtoto. Ndoo mbili za maji na kitambaa, basi. Friji ikanyamaza. Nesi akaniuliza mbona sijabadilisha kitu chochote na bado nataka hela.

Opportunity halikuwa na mtu wa ndoo. Kila mtu anauliza kwa nini hawakuweka waipa, nami niliuliza. Jibu ni kwamba kila gramu inagharimu, waipa ina mota yake ya kuharibika, na gari lilikuwa la siku 90 tu. Lililoliokoa ni upepo, na zile chamchela kama zetu za mwezi wa tisa: zinapita, zinapangusa sola, umeme unapanda upya. Likaenda hivyo zaidi ya miaka 14, kilomita 45, likaivunja rekodi ya Lunokhod 2 mwaka 2014. Mpaka Juni 2018, ilipokuja dhoruba ya vumbi iliyoifunika sayari nzima. Kuna sentensi watu wanarushiana kwenye simu, eti gari lilisema betri yangu inaisha na giza linaingia. Halikusema hivyo. Ni mwandishi wa habari alieleza kwa maneno yake. Lenyewe lilituma namba, tarehe 10 Juni, na kwangu mimi fundi hiyo namba ndiyo inayouma: wati-saa 22 kwa siku nzima. Siku chache nyuma lilikuwa linapata zaidi ya 600. Kwa wati-saa 22 unawasha balbu ya wati 5 kwa saa nne na dakika 24, hapo hujachaji simu. Walilipigia zaidi ya mara elfu moja. Februari 2019 wakaacha.

Curiosity na Perseverance yameachana na sola kabisa, yanatumia joto la plutoni kutengeneza umeme, usiku na mchana, vumbi litake lisitake. Nawaelewa, ingawa kibiashara nimesikitika kidogo. Curiosity lina lake lakini: magurudumu ya alumini, bati lake halifiki milimita moja, na mawe makali yameyatoboa vibaya. Tangu 2012 linatembea hivyo hivyo, madereva wanachagua pa kukanyaga. Na kuna matundu yaliyowekwa makusudi kwenye magurudumu, yanachapa alama mchangani kila mzunguko, gari linageuka kuzitazama na kujua kama limesogea kweli au lilikuwa linateleza. Alama zenyewe zinasomeka JPL kwa Morse, ile lugha ya nukta na vistari, herufi za karakana yao ya Pasadena. Wachina na Wahindi nao wamepeleka ya kwao Mwezini, hayo nitakusimulia ukija.

Na uje kweli. Ukirudi, pitia Iringa na Mtera badala ya Morogoro. Jumamosi ijayo nina paneli kumi na mbili za kuosha kwenye shule moja, paa lake refu, na ngazi yangu imevunjika vipawa viwili. Nahitaji mtu wa kuishika.

Wako, utingo wako wa zamani,

Zuberi