Mdudu wa Nchi ya Chini

Hombolo, Dodoma
Mwishoni mwa Novemba

Mwanangu,

Daftari lako la hadithi limefika salama. Kondakta alilikabidhi dukani stendi, nami nikalifuata jioni. Nimelisoma mara mbili, ya pili kalamu ikiwa mkononi, kwa hiyo usishangae ukiona alama zangu pembeni.

Nchi uliyoibuni nimeipenda. Bibi yako alikuwa akitusimulia kwamba jina Dodoma limetoka kwenye Kigogo, idodomya, imezama, kwa sababu ya tembo aliyekwenda kunywa maji akadidimia matopeni. Sote tuliosimuliwa tulimwacha tembo wa watu palepale. Wewe ndiye wa kwanza kuuliza alitokea wapi. Nchi ya Chini, jua halichwi, watu wanavuna uwele mwaka mzima na tembo angali anatembea na tope lake mgongoni! Hapo nilicheka peke yangu kama mwehu.

Sasa huyo kimulimuli wa dhahabu. Mama, katika nchi isiyo na usiku, kimulimuli wa nini? Ni sawa na kuniletea mimi hapa Hombolo gunia la vumbi. Tena kila mtu akikwama anamwita tu: mtoto mgonjwa anapona, korongo linajaa maji, adui anageuka jiwe. Nimefika ukurasa wa tisa, ameshafanya makubwa matatu na hajatafuna hata jani. Huyo si mdudu, ni mtumishi uliyempachika mabawa.

Jumanne tumepata mvua ya kwanza, ya kulaza vumbi tu, na usiku kumbikumbi wakatoka. Niliweka beseni la maji chini ya taa ya kibarazani kama tulivyozoea. Wadogo zako walikesha. Asubuhi kuku walishiba hadi wakawa hawafukuzani. Nikawa nakufikiria wewe na daftari lako, maana wale viumbe wamengoja kiangazi chote ndani ya kichuguu ili waruke usiku mmoja tu, kisha mabawa yanadondoka na maskini wanatembea wawili wawili kutafuta pa kuchimba. Wengi wanaishia kwenye kikaango chetu. Anayenusurika anaweza kuwa malkia, akae gizani miaka mingi akitaga mayai, na watoto wake walime uyoga humo ndani kama sisi tunavyolima mtama. Hebu niambie, dhahabu yako ina nini cha kushindana na hayo?

Mpangaji wetu, yule mwalimu wa baiolojia, naye aliponiona nasoma akanipa jingine. Unawajua madundu wanaoviringisha mavi ya ng'ombe. Anasema mwaka 2013 watafiti walieleza jinsi walivyowavika madundu wa Afrika Kusini vikofia vya karatasi ngumu ili wasione angani, na madundu wakaanza kuzunguka ovyo. Kumbe usiku usio na mwezi wanafuata ule mkanda mweupe wa nyota, wanyooke na donge lao kabla mwenzao hajawapora. Mdudu wa mavini anasoma nyota! Nami nimewakanyaga maisha yangu yote.

Kwa hiyo, ukikubali (hadithi ni yako), mgeuze. Asibebe mwanga, abebe kivuli. Kule chini jua linawaunguza watu siku zote, basi kivuli ndicho mali yao, ndicho wanachokopeshana na kugombania. Mdudu wako apande huku kwetu kupitia kichuguu, anyonye kivuli cha mti mpaka tumbo liwe jeusi, ashuke akakitapike juu ya mtoto aliyelala. Tonge moja la kivuli, usingizi mmoja. Akizidisha, anapasuka.

Halafu mpe shida ya mahali. Mbuyu ni mkubwa, lakini unajua kiangazi unavyobaki mtupu, matawi kama mizizi. Atapata kivuli cha shina tu, chembamba, na kinahama na jua. Mwarobaini wa nyuma ya choo chetu una majani karibu mwaka mzima, ila chini yake wamelala mbuzi, nao hawapendi kunyang'anywa kivuli. Na mtu akiukata mwarobaini huo akachoma mkaa, kule chini kuna mtoto hatalala, wala hatajua kwa nini. Sijui mwisho wake. Huo utautafuta mwenyewe.

Tembo usimguse. Ila nadhani yeye ndiye kivuli kikubwa kuliko vyote kule, na watu wanamfuata nyuma hatua kwa hatua. Pengine ndiyo maana hasimami.

Habari za huku si nyingi. Zabibu zinaendelea vizuri, tunapiga dawa ya ukungu kabla mvua hazijachanganya. Baba yako mgongo umepungua. Hela ya nauli nitatuma mkikaribia kufunga, usikope kwa mtu.

Ndani ya daftari, kwenye ukurasa wa tisa, nimekuwekea mabawa manne ya kumbikumbi. Fungua polepole, na usifungulie karibu na feni.

Mama yako