Ala nane na ndoto ya samaki

Mhariri, naomba kanafasi kwenye ukurasa wa barua. Hivi mbona mkiandika kuhusu magemu ni grafiki tu, hadithi zenyewe hamzigusi kabisa? Chukua Link's Awakening, gemu la Nintendo la mwaka 1993 la Game Boy, ile mashine yao ndogo ya mkononi, wakalitengeneza upya 2019 kwa ajili ya mashine yao nyingine, Switch. Link, shujaa wa gemu, anakwama kisiwa cha Koholint, anaambiwa atafute ala nane za muziki azipige mbele ya yai kubwa kule mlimani ili Samaki wa Upepo aamke, sawa, kumbe kisiwa chote ni ndoto ya huyo samaki, akiamka tu basi, kijiji, watu, hadi Marin yule binti mwimbaji, vyote vinapotea! Yaani kila ala unayoipata kwa jasho unazidi kuwamaliza waliokupokea, na gemu halikuachii njia nyingine. Mi naona utamu uko hapo hapo, maana kwenye hadithi vifaa vingi vya kichawi kama ala hizi vinatoa nguvu za bure tu. (Ukimaliza bila kufa hata mara moja Marin anaonekana tena mwishoni, jaribuni.) Tuwekeeni basi safu ya hadithi za magemu jamani.