Ndege ya kivita ya Ujerumani iliruka kabla ya Hitler

Mhariri,

Nimesoma gazeti lako miaka mingi bila kukuandikia, lakini makala ya Jumapili kuhusu ndege za kivita za Ujerumani imenishinda kuinyamazia. Mwandishi anadai kwamba baada ya Vita Kuu ya Kwanza Wajerumani walikaa mikono mitupu hadi Hitler alipoingia, ndipo jeshi la anga likachipuka. Si kweli.

Ndege ya Kijerumani, Heinkel He 49, iliruka mara ya kwanza Novemba 1932. Hitler akawa Kansela, yaani mkuu wa serikali, tarehe 30 Januari 1933. Waliobuni ndege hiyo ni ndugu pacha, Walter na Siegfried Günter, na kwenye makaratasi iliitwa ndege ya mafunzo. Kumbe ilikuwa ya kivita, na ndiyo iliyozaa ndege ya kivita He 51 iliyopelekwa vitani Hispania mwaka 1936. Wala huo haukuwa mwanzo. Tangu 1925 Wajerumani walikuwa na makubaliano ya kufundisha marubani wao kwa siri Lipetsk, Urusi, wakitumia ndege za Fokker zilizonunuliwa Uholanzi. Hayo yote yalivunja kifungu cha 198 cha Mkataba wa Versailles, uliofungwa baada ya vita ile, kilichomkataza Mjerumani kuwa na jeshi la anga. Mkataba huo huo, kifungu cha 119, ndio uliomvua Mjerumani nchi yetu, kwa hiyo asije mtu akasema habari hii haituhusu.

Nina sababu ya kuungua moyo. Nilifundisha Historia miaka 31. Mwaka mmoja, kwenye mtihani wa moko, binti wa kidato cha nne aliulizwa Ujerumani ilianza lini kukiuka masharti ya Versailles. Akaandika habari za Lipetsk na za He 49, nilizomfundisha mimi mwenyewe. Akapewa sifuri. Nilimfuata msahihishaji, nikamwonyesha kitabu, ukurasa, tarehe. Akanijibu kwamba mwongozo wa kusahihishia unasema 1935, na yeye anafuata mwongozo. Binti alikosa alama 4 kwa kujua zaidi ya aliyemsahihisha! Alilia mbele yangu akaniuliza kwa nini nilimfundisha jambo la kumfelisha, na sikuwa na la kumjibu. Mpaka leo swali lile linaniuma. Sasa nakuta kosa lile lile limechapwa kwa herufi kubwa katika gazeti ambalo walimu hukata kurasa zake na kubandika ukutani.

Halafu, mhariri, ni nani aliyewafundisha kuandika "ndege ya mabawa mawili"? Kila ndege ina mabawa mawili, la kushoto na la kulia, hata kunguru. He 49 ilikuwa na mabawa ya ghorofa, la juu na la chini, yakiwa yameshikanishwa kwa nguzo na waya. Kiswahili kinaweza kulisema hilo bila shida. Na picha mliyoweka ina bawa la chini peke yake!

Naomba masahihisho Jumapili ijayo, ukurasa ule ule, upana wa safu mbili, yakiwa na mchoro wa He 49 inavyoonekana kwa mbele ili ghorofa zote mbili zionekane, na chini yake tarehe mbili tu: Novemba 1932 na 30 Januari 1933. Nitanunua nakala 10 nizipeleke shuleni mwenyewe.

Mwalimu mstaafu wa Historia,
Tanga