Taarifa ya Mwaka ya Mwenyekiti: Mwaka Tuliorudi Kwenye Miguu

Ndugu Wanachama,

Katika mkutano mkuu uliopita niliwaahidi kwamba mwaka huu tungeongeza umbali wa kuogelea katika kila zoezi. Hatukuongeza. Tulipunguza, na kwa miezi kadhaa baadhi yenu mliona tunapoteza muda bwawani. Naanza na hilo kwa sababu najua ndilo lililowaleta wengi leo. Mambo ya fedha atayaeleza Mhazini, anayeyajua kuliko mimi.

Ilikuwa hivi. Wiki ya kwanza ya msimu kocha alitupanga ukutani, kila mmoja na kibao chake cha kuelea cha kushika kwa mikono, akasema mikono itulie, tuvuke kwa miguu mitupu. Mita 25 tu. Wale waliozoea kwenda na kurudi bila kusimama walikwama katikati ya bwawa, na watoto wa kundi la wanaoanza wakawapita wakicheka. Mwenyekiti wenu alifanya kituko zaidi. Nilipiga miguu kwa nguvu zangu zote, maji yakaruka, watu wa njia ya jirani wakalowa nyuso, kisha nikahisi kisigino kimegusa kitu. Kilikuwa ukuta ule ule niliouacha. Nilikuwa narudi kinyumenyume.

Waliokuwepo walidhani natania. Sikuwa natania, na tangu siku ile nimewaona wengine watatu wakifanya hivyo hivyo. Kifundo cha mguu kikikakamaa, unyayo hauwezi kulala ukafuata mstari wa mguu. Unabaki umekunjwa kama wa mtu aliyesimama, na kila pigo linasukuma maji kuelekea mbele badala ya nyuma. Hutupata zaidi sisi tuliotumia ujana kwenye mbio na baiskeli, michezo inayotaka kifundo kigumu. Majini kifundo hicho hicho ni breki.

Jioni ile kamati ilikaa na makocha, tukakubaliana kuahirisha ratiba ya umbali. Lawama zenu zilikuja haraka. Mwanachama mmoja aliniandikia: "Tunalipa ada kuja kushikilia kibao?" Swali hilo ni la haki, na ninamjibu hapa kwa sababu nilichelewa kumjibu kwa barua.

Katika mtindo huru, ule wa kulala kifudifudi na mikono ikipishana, mikono ndiyo inayovuta sehemu kubwa ya safari. Hilo hatubishani. Kazi ya kwanza ya miguu ni kuushikilia mwili ulale juu ya maji. Mapafu yamejaa hewa, kwa hiyo kifua kinaelea. Mapaja na miguu ni mifupa na misuli, kwa hiyo inazama. Maji ni mazito kuliko hewa kwa takriban mara 800, na mtu anayeogelea huku miguu imening'inia anayasukuma maji hayo kwa tumbo, kwa mapaja na kwa magoti. Mikono yake inaweza kuwa na nguvu za ajabu, lakini nusu ya jasho inaishia kulipa deni la miguu. Kwa miaka mingi chama chetu kimekuwa kikiwashauri watu wa aina hii waongeze nguvu za mikono. Tulikosea, na mimi nilikuwa mstari wa mbele kukosea.

Kuna kosa la upande wa pili pia, nalo ni la vijana zaidi. Misuli ya mapaja ni mikubwa na inakula oksijeni kwa pupa. Anayepiga miguu kama mwenda wazimu anafika upande wa pili akitweta, na povu alilolitoa halikumsogeza. Ndiyo maana waogeleaji wa mbio fupi hupiga mapigo sita kwa kila mzunguko kamili wa mikono miwili, ilhali wengi wa mbio ndefu hushuka hadi mapigo mawili, yanayotosha kuusaidia mwili kugeuka upande na kuweka mizani. Makocha wetu hawajamlazimisha mtu kuhesabu. Wamesisitiza tu kwamba pigo lianzie nyongani, goti lilegee bila kukunjwa sana, na mguu usizidi kina cha mwili wenyewe. Anayepigia magotini huonekana kama anayeendesha baiskeli: paja linaanguka mbele ya mwili na kuyazuia maji kama mlango uliofunguliwa.

Sasa niseme juu ya vibao, maana hapo tulijifunza jambo ambalo tungelijua mapema tungeokoa wiki nyingi. Ukishika kibao mbele na kuinua kichwa ili upige soga na jirani, nyonga zinashuka, na zoezi lote linakuwa la kujifunza kuogelea vibaya. Tangu katikati ya mwaka tunafanya sehemu kubwa ya kazi ya miguu bila kibao: tukilala ubavu na mkono mmoja umenyooshwa mbele, au chali mikono ikiwa juu ya kichwa kama mshale. Kibao kimebaki kwa wanaoanza na kwa wale wanaoweza kutia uso majini na kuinuka kwa pumzi tu. Soga zimepungua, nakiri, na baadhi yenu mlikuja kwa ajili ya soga.

Zoezi lililotubadilisha kuliko yote halina hata safari. Ni kusimama wima kwenye kina kirefu, mikono imekunjwa kifuani, na kubaki juu kwa miguu peke yake. Pale hakuna pa kujificha. Miguu ikipigwa kutoka magotini unazama. Ikipigwa mbele tu bila kurudi nyuma kwa nguvu ile ile, unaanza kusafiri bila kutaka. Tulianza na sekunde 15 kwa zamu, mwokoaji akiwa pembeni. Nyumbani kila mmoja aliombwa kukaa juu ya visigino vyake, magoti mbele na nyayo zimelazwa sakafuni, muda mfupi kila siku, taratibu, na kuacha mara moja maumivu yakija. Vifundo vyangu bado si vya kujivunia, lakini siku hizi nasonga mbele. Wanaobanwa na msuli wa shavu la mguu kila mara nao wasikie: chanzo mara nyingi ni kukaza vidole kwa nguvu kupita kiasi. Kifundo kinatakiwa kulegea, maji yenyewe yataunyoosha unyayo.

Mtindo wa chali haukutusumbua sana. Magoti yasitokeze juu ya maji, nguvu iwe kwenye pigo la kwenda juu, na mapigo ya mikono yahesabiwe kuanzia kwenye bendera zilizotundikwa mita 5 kutoka ukutani ili mtu asigonge kichwa. Aliyegonga mwezi wa tatu amepona na ameshasamehe.

Mtindo wa chura ndio uliotuchukua muda. Huu ndio mtindo ambao karibu kila mtu mzima anadai anaujua, na ndio ambao miguu ina uzito mkubwa kuliko katika mitindo mingine. Pigo lake ni kinyume cha yote niliyoyasema hapo juu: visigino vinavutwa kuelekea makalio, nyayo zinageuzwa nje na vidole kuvutwa kuelekea magoti, kisha miguu inafyatuka nyuma kwa mviringo na kufungana. Yule mwenye kifundo kigumu, aliyedhalilika kwenye mtindo huru, hapa anaweza kung'ara. Tulimwona mwanachama aliyekuwa wa mwisho kwenye zoezi la vibao akiwaacha wenzake kwa miguu ya chura, na sitasahau uso wake.

Makosa mawili yalijitokeza mno. La kwanza ni mkasi: mguu mmoja unageuka nje, mwingine unabaki umenyooka, na mwili unapinda. Kanuni za mashindano zinataka nyayo zote mbili zigeuke nje wakati wa kusukuma, kwa hiyo mkasi unamtoa mtu mashindanoni. La pili ni papara. Baada ya pigo kuna kuteleza, mwili umenyooka, uso majini, na huo ndio muda ambao pigo linakulipa. Anayeanza kuvuta mikono kabla ya kuteleza anaifuta kazi aliyoifanya sekunde iliyopita. Kocha alitutaka tupige mapigo mawili ya miguu kwa mvuto mmoja wa mikono hadi tujifunze kusubiri. Ilituudhi. Ilisaidia.

Kuhusu magoti: watu kadhaa walilalamika maumivu upande wa ndani wa goti. Pigo la chura huupeleka mguu wa chini nje huku goti likisukumwa ndani, na kano ya upande wa ndani ndiyo inayobeba mzigo, hasa magoti yakitanuliwa kupita nyonga. Kamati imeagiza kwamba zoezi la chura lisizidi theluthi moja ya kipindi kwa mtu mzima, na anayeumwa ahamie mtindo mwingine siku hiyo bila kuulizwa maswali. Wengine mnaona hatua hii ni ya woga. Acheni iwe ya woga.

Mtindo wa kipepeo, ambao mikono yote miwili hurushwa mbele pamoja juu ya maji, tuligusa tu. Nataka hata hivyo kuwatetea wazee wetu wanaopiga kipepeo kwa miguu ya chura na kuchekwa. Hawakubuni upuuzi. Kipepeo kilizaliwa ndani ya chura: katika miaka ya 1930 waogeleaji wa chura waligundua kwamba kanuni hazikuwakataza kurudisha mikono juu ya maji, wakafanya hivyo huku miguu ikibaki ile ile. Mitindo hiyo ilitenganishwa mwaka 1952, na kipepeo kikaingia Olimpiki kama mtindo wa peke yake huko Melbourne mwaka 1956. Hadi leo, katika mashindano ya kimataifa ya wakongwe, yaani wenye umri wa miaka 25 na kuendelea, miguu ya chura inaruhusiwa kwenye kipepeo. Kwa vijana, kazi ni mapigo mawili ya pomboo, yaani miguu yote miwili ikipiga pamoja kama mkia, kwa kila mzunguko wa mikono, moja mikono ikiingia majini na jingine ikimaliza kusukuma, na mawimbi yaanzie kifuani badala ya magotini.

Hapo ndipo ninapofika kwenye jambo zito la mwaka. Vijana wetu wanapenda kupiga pomboo chini ya maji, na ninaelewa sababu. Mwaka 1988 kule Seoul, Mmarekani David Berkoff alivunja rekodi ya dunia ya mita 100 chali katika mchujo, kwa sekunde 54.51, akiwa amepita zaidi ya nusu ya urefu wa bwawa chini ya maji, ingawa fainali ilichukuliwa na Mjapani Daichi Suzuki. Baada ya hapo wenye kanuni waliweka mpaka, na siku hizi kichwa lazima kitokeze kabla ya mita 15 katika chali, mtindo huru na kipepeo. Chini ya maji hakuna mawimbi ya juu ya kukuzuia, na pigo zuri la pomboo linaweza kukupeleka kasi kuliko kuogelea juu.

Lakini mwezi wa saba tuliwakuta vijana wanne wakishindana nani atakwenda mbali zaidi kwa pumzi moja, na kabla ya kuzama walikuwa wakihema haraka haraka mara nyingi. Kuhema huko hakuongezi oksijeni ya maana mwilini. Kunaondoa kaboni dayoksaidi, ambayo ndiyo inayomlazimisha mtu atake kupumua. Kwa hiyo oksijeni inaweza kuisha kabla kengele haijalia, na mtu anazimia chini ya maji kimya kimya, bila kupiga kelele wala kurusha mikono. Anayeogelea vizuri yuko hatarini kama mwingine yeyote, pengine zaidi. Hakuna aliyedhurika, namshukuru Mungu. Kuanzia siku ile mashindano ya kubana pumzi ni marufuku chamani, mazoezi ya pomboo yana mpaka wa mita 15 na mapumziko kamili kati ya zamu, na kocha husimama ukingoni akimtazama mtu mmoja baada ya mwingine. Wazazi wawili waliniambia nimekuwa mkali. Sitalegeza.

Kuhusu vifaa: tumenunua mapezi mafupi ya kuvaa miguuni, na nawaomba msiyachukulie kuwa njia ya mkato. Mapezi yanakufundisha kifundo kilicholegea kinavyohisi; ukiyavaa kipindi chote unajifunza kuogelea na mapezi. Marefu ya wazamiaji yasiletwe, yanapunguza mno mwendo wa miguu. Ukaguzi wa kamba za njia umefanyika. Katibu anayo orodha ya kinachotakiwa kubadilishwa.

Mwaka ujao kamati inapendekeza turudi kwenye umbali kama nilivyoahidi, ila kila kipindi kianze na robo saa ya miguu kabla mtu hajaruhusiwa kuhesabu mizunguko. Pendekezo litapigiwa kura leo, na nategemea upinzani kutoka meza ya nyuma, ambako naona wamekaa wote pamoja. Nawashukuru makocha, waokoaji ambao mara nyingi hatuwakumbuki mpaka siku ya shida, na yule aliyeniandikia juu ya kibao. Nimemwona wiki iliyopita akivuka bwawa kwa miguu mitupu, uso majini, hakusimama.

La mwisho ni dogo. Vibao viwili vya bluu havijarudi stoo tangu likizo. Aliyenavyo aviweke mlangoni usiku, hatutamuuliza.