Kwa wanangu mnaoishi kwa kuchekesha

Wanangu wachekeshaji,

Nawaandikia baada ya kusikia kisa kimoja kikisimuliwa jukwaani na vijana watatu tofauti, kila mmoja akiapa kwamba kilimtokea yeye na shangazi yake. Shangazi huyo amejaliwa wapwa.

Nitenge kwanza kilicho chetu sote. Hadithi za Abunuwasi zilifika pwani hii midomoni mwa watu na hazina mwenyewe, wala utani wa Wahehe na Wangoni hauna hati. Tena, watu wawili waweza kufikia kichekesho kimoja bila kuibiana. Mwaka 2015, huko Marekani, mwandishi Alex Kaseberg alimshtaki Conan O'Brien wa televisheni kwamba vichekesho vyake vilitumiwa kipindini. Kimojawapo kilimhusu mchezaji Tom Brady, aliyetaka gari alilozawadiwa apewe mtu aliyeipatia timu yake ushindi. Kichekesho kikasema basi apewe Pete Carroll, kocha wa wapinzani, aliyelaumiwa kwa uamuzi uliowaponza dakika za mwisho. Hapo wengi wangeweza kufika peke yao, na ndivyo O'Brien alivyojitetea. Jaji aliruhusu baadhi ya madai yaendelee, lakini akaona ulinzi wa vichekesho vya aina hiyo ni mwembamba. Mwaka 2019 wakapatana kabla ya kesi kusikilizwa.

Kwa hiyo msiitegemee sana mahakama. Hakimiliki hulinda maneno yalivyopangwa, hailindi wazo tupu, na mwizi hodari hubadilisha maneno.

Nalijua hilo kwa kuwa nililifanya. Nilipokuwa nikiandika michezo ya televisheni, nilichukua kisa cha mwenzangu kuhusu mtu aliyekosea msiba, akala, akalia, akatoa rambirambi, ndipo akauliza marehemu ni nani. Nikageuza msiba kuwa harusi, nikajiambia kimekuwa changu. Mwenzangu alikuwa amekinoa kisa kile miezi mingi, akipunguza neno hapa, akirefusha kimya pale, na siku alipokipeleka ukumbini watazamaji walikuwa wamekwisha kukiona kwetu, wakamhesabu yeye kuwa ndiye mwigaji. Wimbo hurudiwa ukazidi kupendwa; kichekesho kikitangulia kusikika kwingine, mwenyewe hubaki na maganda.

Ukikipenda cha mwenzio, mwendee ukiombe au ukinunue. Mkigundua mmegongana, aliyechelewa akiache, hata kama hakuiba. Nanyi wenye vipindi, walipeni waandishi na majina yao yaonekane, kwa maana televisheni hukimaliza kwa usiku mmoja kichekesho ambacho kingemlisha mtu wa jukwaani mwaka mzima.

Mwenzangu yule nilimwendea nikamwomba radhi, naye akanisamehe mbele ya watu. Bado hunitembelea, tena huja na ndizi. Ila hanisimulii kisa chochote siku hizi; tunazungumza habari za mvua.

Mzee wenu