Mwanariadha aliyefungiwa bado ni mwanariadha

Mhariri,

Naomba nafasi nizungumzie mtindo wa baadhi ya wanahabari wetu wa kumvua mtu kazi yake pindi sifa yake inapoporomoka, kana kwamba kashfa ni ajira.

Jemima Sumgong alishinda mbio za marathoni katika Olimpiki za Rio mwaka 2016, akawa Mkenya wa kwanza mwanamke kufanya hivyo, kisha mwaka 2017 akapatikana ametumia EPO, dawa iliyopigwa marufuku michezoni ya kuongeza chembe nyekundu za damu, na kufungiwa. Medali hakupokonywa. Kwa hiyo habari yoyote kumhusu inapaswa kumtaja kuwa mwanariadha na bingwa wa Olimpiki, na papo hapo, bila kuisukuma hadi aya ya mwisho, itaje adhabu hiyo. Lance Armstrong ni tofauti: mataji yake saba ya mbio za baiskeli za Tour de France yalifutwa mwaka 2012 kwa kutumia dawa zilizopigwa marufuku, hivyo kumwita bingwa wa zamani wa mashindano hayo ni kosa, ingawa alikuwa mwendesha baiskeli wa kulipwa na hilo halifutiki.

Kesi za jinai zina hatari zaidi. Bill Cosby, mchekeshaji wa Marekani, alipatikana na hatia ya unyanyasaji wa kingono mwaka 2018, na mwaka 2021 Mahakama ya Juu ya Pennsylvania ikabatilisha hukumu hiyo (jambo ambalo, niseme wazi, halikufuta malalamiko ya wanawake wengi dhidi yake). Aliyekuwa amemwandika “mfungwa” badala ya “mchekeshaji” ilimbidi aanze upya.

Ningeomba pia dawati lako liache kuandika “aliyefedheheka”, ambayo ni maoni tu, na badala yake litaje kitendo, mwaka na chombo kilichotoa uamuzi.

Msomaji wako,
Buruburu, Nairobi