Mwanangu, ile sauti si yako

Kisauni, Mombasa
Jumapili jioni

Mwanangu mpendwa,

Salamu sana. Sisi huku ni wazima, Bwana asifiwe. Mguu wa babako umepungua uvimbe. Hela ulizotuma zimefika na dadako amerudi shule, ahsante, Mungu akuzidishie.

Nimeandika badala ya kupiga simu kwa sababu kwenye simu utanikatiza, utasema "Mama, ngoja nikueleze," nami nitanyamaza kama ilivyo kawaida yangu. Leo naomba usome mpaka mwisho.

Ile video yako ukiwaombea watu uwanjani imenifikia. Ilianzia kwa shangazi yako, ikaja kwa kina mama wa kanisani, na kufikia Ijumaa hata sokoni Kongowea nilionyeshwa simu: "Si kijana wako huyu?" Nikasema ndiye. Nilifurahi, sikufichi. Umati wote ule mikono juu, na wewe mbele yao umeshika maikrofoni, suti imekukaa sawasawa. Nikanunua nazi zangu nikarudi nyumbani kifua mbele. Jioni nikaiomba tena kwa dadako, nikaitazama peke yangu jikoni mara tatu. Mara ya tatu ndipo nilipojua kilichokuwa kinanikaa moyoni. Mwanangu, ile sauti si yako.

Sauti yako mimi naijua. Ni ya chini, tena hukwama kidogo kwenye neno la kwanza. Niliyoisikia ni ya kukwaruza, ya wale wa redioni, na kila baada ya maneno mawili unavuta pumzi kama mtu anayepandisha gunia la simiti ghorofani. Unamwita Mungu kwa Kizungu, unarudi Kiswahili, unarudi tena Kizungu. "Naamuru! Nakataa! Natangaza!" Najua utaniambia unamwamuru Shetani. Lakini nilisikiliza vizuri. Uliamuru kazi, ukaamuru visa, ukaamuru nyumba. Hivyo mwenye kuvitoa si Shetani. Basi uliyekuwa ukimwamuru ni nani?

Bwana Yesu mwenyewe, usiku ule Gethsemane, alianguka kifudifudi akaomba kikombe kimwepuke, kisha akasema: si kama nitakavyo mimi, bali kama utakavyo wewe. Na kikombe hakikumwepuka. Mwana wa Mungu hakuamuru, sembuse wewe wa Kisauni.

Siku ukija, nenda Mkomani pale Nyali ukalione kaburi la Rosina, mkewe yule mmisionari Krapf. Walifika Mombasa 1844, na haikupita miezi mingi mama wa watu akafa, na kitoto chake kichanga kikamfuata baada ya siku chache. Mumewe naye alikuwa hoi kwa homa. Utaniambia Krapf hakujua kuomba? Mtu aliyeacha kwao akavuka bahari kwa ajili ya Injili? Alibaki, na miaka miwili baadaye akapanda Rabai pamoja na mmisionari mwenzake Rebmann, wakaanza kazi. Huwa napita karibu na pale nikipeleka mahamri, na juzi nilisimama nikafikiria vile ulivyowaambia watu uwanjani, kwamba ombi lisilojibiwa ni la mtu asiye na imani. Mle uwanjani lazima alikuwamo mama aliyezika mtoto. Alirudi nyumbani na nini?

Hilo ndilo linaloninyima usingizi. Si kelele. Nisije nikaeleweka vibaya. Bartimayo yule kipofu wa Yeriko alipiga kelele, wakamkemea anyamaze, akazidi kupaza sauti, na Bwana akasimama kwa ajili yake. Ila alipoulizwa anataka nini, alijibu neno moja tu, kwamba anataka kuona. Kelele yake ilikuwa yake mwenyewe, imetoka pale panapomuuma. Ukipaza sauti hivyo, paza hata paa liruke, mimi sitasema kitu.

Nilikuwa nimekaa na ile habari ya Luka 18, Farisayo na mtoza ushuru, nikitafuta mstari wa kukupiga nao. Nakwambia ukweli, ulinipiga mimi kwanza. Sikuwahi kuona kwamba yule Farisayo hakupayuka. Imeandikwa aliomba moyoni mwake. Wala hakusema uongo: kufunga mara mbili kwa juma alifunga kweli, zaka alitoa kweli. Kosa lake lote limo katika "mimi si kama watu wengine". Naye mtoza ushuru, mtu aliyekuwa akiwakamua ndugu zake kodi ya Warumi, amesimama mbali, hata macho hathubutu kuyainua, anajipiga kifua: Ee Mungu, uniwie radhi mimi mwenye dhambi. Basi, hakuongeza la pili. Na huyo ndiye aliyeshuka nyumbani amehesabiwa haki.

Mimi ninayeomba kwa sauti ya chini, mara ngapi nimepita karibu na yale makanisa ya mahema nikashukuru kwamba sisi hatuombi hivyo? Haya, tuyaache hayo.

Na usiniulize hiyo sauti ya kuazima ulijifunzia wapi. Nani aliyekuwa akikusimamisha mbele ya wageni uombe? Ya sebuleni unayakumbuka kuliko mimi, siyarudii. Nilitaka waseme nina mtoto wa maombi. Walisema.

Tena kuna hili, ambalo sijamwambia mtu. Mwaka jana kwenye maombi ya kina mama nilisimama nikamwombea binti wa mwenzetu mmoja, kwa machozi kabisa, nikitaja shida yake ili Bwana amsaidie. Kabla ya chai kuisha, kila mtu alikuwa anajua binti ana mimba. Mama yake hajarudi kwenye kikundi mpaka leo. Nilikuwa nazungumza na Mungu, lakini nilijua masikio yaliyokuwa yakinisikiliza ni ya nani. Nimepanga kwenda kwake wiki hii. Nimeshapanga hivyo mara mbili nikaishia njiani, nikasema mvua.

Jirani yetu wa mlango wa buluu, yule Mwislamu anayenisaidia kukuna nazi, nilimgusia habari hii bila kukutaja. Akasema wao wana neno lake: ria. Ibada unayoifanya ili viumbe wakuone. Akasema mtu anaweza kurefusha sijda kwa sababu tu amesikia mgeni ameingia. Niliwaza maneno yake usiku kucha, maana ndiyo yale yale ya Mathayo 6, ya wale wanaopenda kusimama wakisali kwenye pembe za njia, waonekane na watu. Wamekwisha kupata thawabu yao. Wamekwisha kupata! Hakuna kilichobaki cha kupewa. Hapo ndipo ninapoogopa kwa ajili yako, baba. Usije ukalipwa yote pale uwanjani, kwa makofi, ukarudi chumbani kwako huna la kumwambia Mungu.

Kwa hiyo nakuuliza, na unijibu kwa maandishi: ukiwa peke yako, mlango umefungwa, simu iko mbali, unaomba? Kwa sauti gani?

Nitakwambia jambo usilolijua. Usiku ule ulipopanda treni kwenda Nairobi mara ya kwanza, umeme ulikuwa umekatika. Nilikuwa dirishani, taa sijawasha. Nikamwona babako ametoka nje, amesimama kando ya tangi, mkono ameuweka juu ya kifuniko. Nilidhani anapima maji. Akavua kofia. Akasema, "Mungu, kijana ameenda. Wewe unamwona. Mimi simwoni." Akakaa kimya kitambo, akavaa kofia yake, akarudi ndani akaniuliza kama kuna chai.

Miaka yote hiyo nilikuwa nikimsema babako kwamba si mtu wa maombi. Nilimsema mbele yako pia. Sikumwambia kuwa nilimsikia, na sijaacha kabisa kumsema, ila sasa nikianza ulimi unakuwa mzito.

Habari ya kuacha kazi ya stoo mwisho wa mwezi uingie kwenye huduma, sikukatazi. Kama Mungu amekuita, mimi ni nani? Lakini subiri kidogo. Angalau mpaka dadako amalize muhula. Na nusu mwaka hivi usishike maikrofoni. Kaa nyuma kabisa, panga viti, omba kama mtu asiyejulikana, uone kama bado unapenda kuomba. Ukiona unapenda, nenda, na mimi nitakuja kukusikiliza, nitakaa mbele na kitenge changu kipya. Maana kipawa unacho. Watu walilia pale, na si wote waliolia kwa ajili ya sauti. Usinifikirie nakuonea wivu kwa lile Mungu alilokupa.

Mimi siku hizi naomba nikikanda unga. Saa kumi naamka, nachanganya tui na hamira na iliki, nakanda, na adhana ya alfajiri inanikuta mikono imeganda unga mpaka kwenye viwiko. Siwezi hata kuifumba. Nakutaja wewe, namtaja dadako, namtaja yule binti. Siku nyingine nachoka, nafika "utupe leo riziki yetu" naishia hapo, kwa sababu ndiyo haja yenyewe, ngano imepanda bei na wateja wanataka hamri liwe kubwa vilevile.

Maji ya bomba hayajafika siku ya tisa leo, tunanunua ya mkokoteni. Mwenye nyumba amekuja, nimempa nusu. Lile shati lako jeupe dadako amelivaa kwenye maigizo na limeingia doa la mchuzi, nalifanyia ndimu na jua. Shangazi anauliza kama unaweza kumtafutia kijana wake kibarua huko, nimemwambia nitakuuliza, basi nimekuuliza.

Ukija sikukuu, niambie treni yako inafika Miritini saa ngapi, babako anataka kuja kukupokea na mguu ule ule. Mabati ya jikoni yanavuja palepale pa zamani. Anasema usitume hela ya fundi, atapanda mwenyewe. Tuma.

Mama yako